Darasa la Saba Halifunguliwi kwa Matofali Tu

Kila mara Septemba inapokaribia, wazazi wa parokia za Bunia na za vijiji vya jirani hutuuliza neno moja: Shule yetu ya msingi ina majengo imara, watoto wamemaliza darasa la sita; kwa nini tusifungue la saba papo hapo, kuliko kuwatuma mbali? Swali hilo ni la haki. Mtoto wa miaka kumi na miwili anayetoka alfajiri kwenda kusoma ugenini humtia mama yake hofu, hasa sisi watu wa Ituri, ambao tangu Desemba 2017 tumewapokea mjini ndugu wengi waliokimbia mapigano ya Djugu.

Lakini twaomba wasomaji wetu watusikilize kwa saburi, maana jambo hili lina sheria yake.

Sheria ya elimu namba 14/004, ya tarehe 11 Februari 2014, imeigawa safari ya mwanafunzi hivi: shule ya msingi ni miaka sita, yenye madaraja matatu ya miaka miwili miwili, darasa la saba na la nane hukamilisha elimu ya msingi ya miaka minane, kisha huja miaka minne ya humanite. Wazee wetu hawakujua ngazi ndefu namna hii. Waliosoma kwa kanuni za mwaka 1929 walikuwa na daraja la kwanza la miaka miwili na la pili la miaka mitatu, na wengi waliishia hapo wakashika jembe. Aliyetaka masomo ya juu ya elimu ya jumla alikwenda seminari, hata mpango wa 1948 ulipoanza kumfungulia Mwafrika mlango mwingine.

Basi tazameni: ingawa la saba limo katika elimu ya msingi, sheria hulihesabu kuwa mwanzo wa sekondari. Kulifungua si kuongeza chumba kimoja kwenye nyumba ile ile. Ni kuanza nyumba ya pili. Yahitaji ruhusa nyingine na walimu wa namna nyingine. Mwalimu mwenye diploma ya humanite ya ualimu, ile tunayoiita D6, amefundishwa kuongoza watoto wa msingi. Sekondari yataka waliosoma chuo cha juu, kama wale watokao ISP ya hapa Bunia.

Wengine husema: shule ni ya misioni, Padre na aamue. Sivyo. Tarehe 30 Desemba 1974 Leta ilizichukua shule zote za makanisa. Kisha kwa mapatano ya tarehe 26 Februari 1977 ilirudisha uongozi wake. Tangu hapo Kanisa huongoza, na Leta hulipa walimu, huweka programu na hukagua. Hivyo ombi la parokia hupita kwa mratibu wa shule za Kikatoliki, kisha kwa wakuu wa elimu wa jimbo. Inspekta huja kutazama majengo, vyoo, madawati na vyeti vya walimu. Na mwisho Waziri huko Kinshasa hutia sahihi. Ni njia ndefu, na kwa maoni yetu ni ndefu mno kwa nchi ambayo barabara zake ni hizi tuzijuazo. Lakini hatuna nyingine.

Anayeiruka huwaumiza watu wawili. Wa kwanza ni mwalimu. Hata baada ya sahihi ya Waziri, jina lake lisipoingia katika orodha ya malipo ya DINACOPE, hapati mshahara, naye huishi kwa fedha za wazazi. Elimu ya bure iliyoanza Septemba 2019 ilihusu shule za msingi. La saba lilibaki na minervali. Baba mwenye watoto watatu na ahesabu kabla ya kupiga makofi mkutanoni.

Wa pili ni mtoto. Mwisho wa la sita kuna mtihani wa ENAFEP, mwisho wa la nane TENASOSP, na mwisho wa humanite mtihani wa Leta. Shule isiyotambuliwa haina njia yake yenyewe ya kuwaandikisha watahiniwa; hulazimika kuomba hisani ya shule nyingine. Mtoto aliyesoma kwa bidii huanza kutangatanga na karatasi zenye jina la shule ambayo hakuketi.

Kwa hiyo, katika mkutano wa wazazi, ombeni kwa adabu kuuona waraka wa ruhusa. Tazameni namba yake, tarehe yake, na madarasa uliyoyataja: ruhusa ya la saba na la nane si ruhusa ya humanite. Kama ombi lingali njiani, ulizeni limefika ofisi gani, nani analifuatilia, na watoto watasoma wapi mwaka huu.