Stempu Zilizoibwa Zikarudi

Wako watu wadhanio kwamba kukusanya stempu ni mchezo wa watoto. Chama cha Wakusanyaji Stempu cha Marekani, kilichoanzishwa mwaka 1886, hupambanua stempu za kweli na za bandia, na hakisahau mali iliyoibwa.

Septemba 1955, katika mkutano wa chama hicho mjini Norfolk, Virginia, mwizi alichukua stempu nne zilizoshikana, mali ya Bibi Ethel McCoy. Zilikuwa za senti 24, za mwaka 1918, na eropleni iliyo juu yake ilipigwa chapa kichwa chini. Zilizouzwa zenye kosa hilo ni 100 tu.

Mwizi alizitenganisha. Lakini kama mfugaji amjuavyo ng'ombe wake kwa mabaka, wajuzi huitambua kila stempu kwa kingo zake na jinsi picha ilivyokaa. Mwaka 1979 Bibi McCoy aliipa maktaba ya wakusanyaji haki ya kuzidai. Mbili zilipatikana baada ya miaka zaidi ya 20. Ya tatu ilirudi mwaka 2016.

Basi, ndugu msomaji, andika alama za mali yako. Asiyeziandika atadai kwa ushahidi gani?