Mandera, Kijiji cha Waliokombolewa

Mandera, kijiji cha Ukwere kisicho mbali na Lugoba, kina asili isiyodhaniwa na wengi wapitao barabara kuu ya Chalinze–Segera, kwani misheni yake ilianzishwa mwaka 1881 na mapadre wa Shirika la Roho Mtakatifu, wakitumia familia za Kikristo za watumwa waliokombolewa. Waliokombolewa hao walilelewa katika misheni ya Bagamoyo, iliyofunguliwa mwaka 1868, wakafundishwa dini, kilimo na ufundi, kisha waliooana wakapewa nyumba na kipande cha shamba, na baadhi yao wakapelekwa bara kuanzisha vijiji vipya, Mhonda ikitangulia mwaka 1877.

Walowezi hao hawakufanana na wahamiaji wengine wa zama zao: Waukraine walioanza kuhamia mbuga za Kanada mwaka 1891, kwa mfano, walifuata kwa hiari ekari 160 za ardhi kwa kila familia, wakiwa na lugha na kanisa lao, ilhali walowezi wa Mandera walikuwa wametekwa utotoni kutoka makabila mbalimbali, hata Kiswahili na dini mpya vikawa ndivyo vya kuwaunganisha ugenini. Tena ni haki kusema wazi kwamba kukombolewa huko hakukuwa uhuru kamili, kwa sababu waliendelea kudaiwa kazi katika mashamba ya misheni, na hata ndoa zao zilisimamiwa na mapadre.