Sistoli na Diastoli: Maana ya Namba Mbili za Kipima Presha

Mkazi wa Kimandolu anayetaka kujua shinikizo la damu yake hana tena haja ya kungoja siku ya kliniki. Kipima presha kinachotumia betri huuzwa katika maduka ya dawa, hununuliwa na vijana kwa ajili ya wazazi wao, na ndani ya dakika moja huonesha namba tatu kwenye kioo chake. Kando ya namba hizo kwa kawaida huandikwa herufi SYS, DIA na PUL. Herufi za mwisho humaanisha mapigo ya moyo kwa dakika, na hazina utata mkubwa. Utata uko katika zile mbili za mwanzo, ambazo ni vifupisho vya maneno ya kitabibu sistoli na diastoli.

Kwa kuwa kijitabu cha maelezo aghalabu huandikwa kwa lugha za kigeni, mnunuzi hutegemea maelezo ya mdomo. Hapo ndipo namba hizo hupewa majina ambayo si yake. Namba ya juu huitwa presha ya kupanda, na ya chini huitwa presha ya kushuka. Mama aliyepimwa akapata 158 kwa 84 anaweza kuambiwa: “Mama, ya kupanda ni 158 na ya kushuka ni 84, kwa hiyo unazo zote mbili.” Anarudi nyumbani akiamini kuwa anaugua magonjwa mawili yanayopingana, na kwamba dawa ya kutibu moja itamzidishia lingine.

Kosa hilo lina madhara. Kuna anayeacha kumeza vidonge alivyoandikiwa kwa kuhofia kuwa vitaishusha zaidi ile “ya kushuka”. Kuna pia anayeshauriwa kunywa soda yenye chumvi ili kuipandisha, ilhali shinikizo lake tayari liko juu na chumvi ni miongoni mwa vitu vinavyolizidisha. Kwa sababu hiyo tumeona ni vema kueleza kwa kirefu kile ambacho namba hizi zinapima.

Kukamua na kulegeza

Maneno sistoli na diastoli yana asili ya Kigiriki. La kwanza hubeba maana ya kujikusanya au kujibana, na la pili maana ya kutanuka. Hayataji ugonjwa wowote. Yanataja vipindi viwili vya kazi ya moyo, ambavyo kila mtu aliye hai anavyo, mzima na mgonjwa.

Aliyewahi kukamua ng'ombe ataelewa jambo hili upesi kuliko anayesoma mchoro. Mkono unapobana chuchu, maziwa hutoka kwa nguvu. Unapolegea, chuchu hujaa tena. Mkamuaji asiyelegeza mkono hapati kitu, hata awe na nguvu kiasi gani. Moyo nao hufanya vivyo hivyo. Katika sistoli, vyumba viwili vya chini vya moyo, viitwavyo ventrikali, hujibana na kusukuma damu nje: cha kulia kuelekea mapafuni, cha kushoto kuelekea mwilini kote kupitia mshipa mkuu uitwao aota. Katika diastoli, vyumba hivyo hulegea na kujaa damu upya.

Kwa mtu mzima aliyetulia, ambaye moyo wake unapiga mara 75 kwa dakika, mzunguko mmoja huchukua sekunde 0.8. Kati ya hizo, takriban sekunde 0.3 ni za kujibana na 0.5 ni za kulegea. Moyo basi hutumia muda mwingi zaidi katika kujaa kuliko katika kusukuma. Tena, misuli ya ventrikali ya kushoto hupata sehemu kubwa ya damu yake yenyewe wakati wa diastoli, kwa kuwa inapojibana huibana pia mishipa inayoilisha. Kuidhania diastoli kuwa ni udhaifu, au kushuka kwa kitu fulani, ni kuikosea heshima nusu ya kazi ya moyo.

Namba ya juu kwenye kioo ni shinikizo lililomo ndani ya ateri pale moyo unapojibana, ambapo damu husukuma kuta za mshipa kwa nguvu kubwa kabisa. Namba ya chini ni shinikizo linalobaki ndani ya ateri hiyo hiyo muda mfupi kabla ya pigo linalofuata. Huenda msomaji akauliza kwa nini namba ya chini haifiki sifuri ikiwa moyo umelegea. Jibu limo katika kuta za aota, ambazo hunyumbuka kama mpira. Hutanuka zinapopokea damu, kisha hurejea taratibu na kuendelea kuisukuma mbele, huku vali iliyo mlangoni mwa moyo ikiizuia isirudi nyuma. Ndiyo maana damu haikomi kutembea kati ya pigo na pigo.

Neno “juu” na kazi zake mbili

Sehemu ya mkanganyiko imetokana na lugha yetu wenyewe. Tunaposema shinikizo la juu la damu, tunataja hali ya ugonjwa. Tunaposema namba ya juu, tunataja mahali ilipoandikwa. Mtu hawezi kulaumiwa kwa kuziunganisha. Ndiyo maana katika kitabu hiki tunatumia shinikizo la sistoli na shinikizo la diastoli, ingawa ni maneno mageni kidogo masikioni, na tunaacha presha ya kupanda na presha ya kushuka zibaki kuwa majina ya hali ambazo watu wamezizoea kuziita hivyo.

Kwa vipimo vinavyochukuliwa na mhudumu katika kituo cha afya, shinikizo huhesabiwa kuwa la juu endapo sistoli ni 140 au zaidi, au diastoli ni 90 au zaidi, tena baada ya kupimwa siku tofauti. Kwa vipimo vya nyumbani, mpaka unaotumiwa na wataalamu wengi ni 135 kwa 85. Neno la kuzingatiwa hapa ni “au”: namba moja ikivuka mpaka inatosha. Mama wa 158 kwa 84 hana presha ya kushuka hata kidogo. Diastoli yake haijapungua, na sistoli yake ndiyo iliyozidi. Hali hiyo ni ya kawaida kwa wenye umri mkubwa, kwa sababu aota inapoteza unyumbufu wake kadiri miaka inavyokwenda. Si hali ya kupuuzwa kwa kisingizio kwamba namba ya chini ni nzuri.

Shinikizo la chini, kwa upande mwingine, kwa kawaida humaanisha vipimo vilivyo chini ya 90 kwa 60, hasa vikiambatana na kizunguzungu au kuzimia. Wapo watu wazima wenye afya njema ambao siku zote wako karibu na hapo bila tatizo lolote. Lakini sistoli ikifika 180 au diastoli ikifika 120, na papo hapo kukawa na maumivu ya kifua, kupumua kwa shida, ganzi ya upande mmoja wa mwili au kushindwa kuzungumza, mgonjwa apelekwe hospitali mara moja. Huo si wakati wa kurudia kipimo mara ya tano.

Maneno hayo hayo kwenye cheti cha moyo

Sistoli na diastoli hukutwa pia katika majibu ya ekokadiogramu, kipimo cha kuuangalia moyo kwa mawimbi ya sauti. Hapo wasomaji wengi hushtushwa na asilimia, ambayo huandikwa EF. Mtu anasoma 60, anakumbuka mitihani ya shule, na kuhitimisha kuwa moyo wake umekwisha kupoteza 40.

Asilimia hiyo haitolewi katika mia moja ya uzima. Mwisho wa diastoli, ventrikali ya kushoto ya mtu mzima huwa na damu ipatayo mililita 120. Katika sistoli husukuma nje takriban mililita 70 na kubakiza 50. Sabini katika mia na ishirini ni kama asilimia 58, na hicho ndicho kiwango cha moyo mzima. Kwa kawaida namba iliyo kati ya 55 na 70 haina la kutisha, na hakuna moyo unaosukuma nje damu yake yote. Inaposhuka chini ya 40, daktari huizungumzia kama udhaifu wa sistoli, yaani wa kubana. Upo vilevile udhaifu wa diastoli, ambapo moyo hubana vizuri lakini misuli yake imekakamaa na hailegei ipasavyo ili kujaa, na asilimia inaweza kusomeka nzuri kabisa. Shinikizo la juu lililoachwa bila tiba kwa miaka ni miongoni mwa sababu kuu za ukakamavu huo.

Kifaa chenyewe

Mkanda wa kupimia unaofungwa mkononi ulibuniwa na daktari Mwitalia Scipione Riva-Rocci mwaka 1896, na kwa njia yake sistoli pekee ndiyo iliyopatikana, kwa kupapasa mapigo. Mwaka 1905 daktari Mrusi Nikolai Korotkov alieleza sauti zinazosikika mkanda unapolegezwa, na kuanzia hapo diastoli nayo ikaweza kupimwa kwa sikio. Kifaa cha betri hakisikilizi sauti hizo. Huhisi mitetemo ya damu ndani ya mkanda, kisha hukokotoa namba mbili kwa kanuni aliyoiweka mtengenezaji. Hapo ndipo ubora wa kifaa unapohusika: kanuni isiyothibitishwa kwa kulinganishwa na vipimo vya wataalamu hutoa namba zinazovutia macho lakini hazina thamani. Programu za simu zinazodai kupima shinikizo kwa kuweka kidole juu ya kamera zisitumiwe kuamua jambo lolote la tiba.

Katika nchi yetu kipima presha ni kifaa tiba, na kabla ya kuuzwa kinapaswa kuwa kimekubaliwa na Mamlaka ya Dawa na Vifaa Tiba. Mnunuzi anayo haki ya kumwuliza muuzaji juu ya usajili huo, na anapaswa kudai risiti. Tunashauri kifaa cha kufunga juu ya kiwiko kuliko cha kifundo cha mkono. Pima mzunguko wa mkono wa juu kwa futi ya fundi cherehani kabla ya kwenda dukani. Mkanda wa kawaida huandikwa kuwa unafaa sentimita 22 hadi 32, na mwenye mkono mnene zaidi ahitaji mkubwa, kwa sababu mkanda mdogo huongeza namba isivyo kweli.

Jambo moja linawahusu hasa wakazi wa miteremko ya Meru. Jiji la Arusha liko takriban mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, ambapo shinikizo la hewa ni kama hektopaskali 850 hadi 860. Baadhi ya vijitabu vya vifaa huandika kwamba kifaa kimekusudiwa kutumika kati ya 860 na 1060. Maandishi hayo hayathibitishi kwamba kitakosea hapa, ila mtengenezaji hakuahidi kwamba hakitakosea. Wigo unaoanzia 700 au 800 ni salama zaidi kwetu. Angalia pia kipimo kilichochaguliwa: vifaa vingine huweza kubadilishwa kutoka milimita za zebaki kwenda kilopaskali, na hapo 120 kwa 80 husomeka 16.0 kwa 10.7, namba ambayo imewahi kuwatia hofu wasioijua.

Aliyepanda kwa miguu kutoka barabara kuu ya Moshi hadi nyumbani kwake asijipime akiwa bado anahema. Akae kwenye kiti chenye egemeo kwa dakika 5, miguu ikiwa chini bila kukunjwa nne, mkono ukiwa juu ya meza usawa wa moyo, na asizungumze. Mkono ukining'inia sentimita 10 chini ya moyo, namba huongezeka kwa takriban 8. Apime mara mbili kwa kuachanisha dakika moja, na aandike namba zote katika daftari, sistoli kwanza, diastoli baadaye, pamoja na tarehe na saa. Daftari hilo ndilo la kumpelekea daktari. Kipimo cha nyumbani si ruhusa ya kuongeza wala kupunguza dawa.

Kifaa kikianza kutoa namba zinazotofautiana sana, kipeleke siku ya kliniki kikalinganishwe na cha kituo. Ikithibitika kuwa kina kasoro, toa taarifa katika ofisi yetu ya Kanda ya Kaskazini iliyopo Arusha, ukiwa na kifaa, boksi lake na risiti. Usikwangue karatasi iliyobandikwa chini ya kifaa, kwani ndipo ilipo namba ya toleo. Bila namba hiyo ni vigumu kwetu kubaini iwapo kasoro ni ya kifaa kimoja au ya shehena nzima ambayo bado imo madukani.