Alama ni za Mwamuzi, Mlango ni wa Sheria

Mzazi wa Cibitoke, kaskazini mwa Bujumbura, akiona kikundi cha shule ya mwanawe kimeenguliwa mashindanoni bila sababu, aende kwa nani? Atamwona mkurugenzi wa shule, pengine na bashingantahe, wazee wapatanishi wa mtaa. Mahakama huenda isimjie akilini. Lakini wasichana wa shule ya Butere, magharibi mwa Kenya, kesi yao imefika huko mara mbili.

Mwaka 2013 waliandaa Shackles of Doom, mchezo wa Cleophas Malala kuhusu jamii inayojitwalia mali na vyeo vya jamii nyingine. Ukazuiwa kwa madai ya kuchochea ukabila. Mwanaharakati Okiya Omtatah akashtaki, na Jaji David Majanja wa Mahakama Kuu akaamuru uchezwe kwenye tamasha la kitaifa. Ibara ya 33 ya Katiba ya Kenya ya 2010 inautaja waziwazi uhuru wa ubunifu wa kisanaa. Jaji hakuupa mchezo alama hata moja. Kazi hiyo aliwaachia waamuzi wa tamasha.

Mwaka 2025 ikawa zamu ya Echoes of War, wa Malala huyohuyo. Mahakama Kuu ya Kisii iliamuru urudishwe mashindanoni. Wasichana wakafika tamashani Nakuru, lakini Malala, mwelekezi wao, alikuwa amekamatwa. Asubuhi ya Aprili 10 waliimba wimbo wa taifa, wakaondoka bila kucheza, wakilalamika kwamba hawana mwelekezi, vyombo vya sauti wala watazamaji. Nje polisi walirusha mabomu ya machozi. Watoto walioshinda kesi hawakustahili kupokelewa hivyo.

Kerala, India, wamefika mbali zaidi. Katika tamasha lao la shule, lililoanza 1957, wazazi hupinga alama zenyewe, kwa kuwa ushindi humwongezea mwanafunzi alama za mtihani. Rufaa zilizidi hadi, mwaka 2018 mjini Thrissur, zikagunduliwa amri za rufaa za kughushi.

Huko nisingependa tufike. Hakimu hana mizani ya kupimia sauti ya mtoto au mwendo wa ngoma. Ila mwamuzi aliye ndugu wa mshindani, kanuni iliyobadilishwa mashindano yakiendelea, kikundi kilichofukuzwa bila kusikilizwa: hayo sheria inayajua vizuri.

Burundi ina Mahakama ya Utawala, yenye uwezo wa kubatilisha maamuzi ya viongozi wa serikali. Tatizo ni muda. Mashindano huisha kwa siku chache, na hukumu ikichelewa mtoto ameshamaliza shule. Kwa hiyo kanuni zitolewe kwa maandishi mapema, pamoja na majina ya waamuzi, na kamati ya rufaa ijibu kabla ya hatua inayofuata. Jibu hilo nalo liandikwe na kutiwa sahihi, ili mzazi asiyeridhika awe na karatasi ya kumwonyesha hakimu.