Kisigino Kinachouma Alfajiri: Si Kila Achechemeaye ni Mtegaji

Kila askari aliyepita kambi ya makuruta anaijua saa ya alfajiri. Tarumbeta inalia, umande ungali majanini, na sauti ya sajini inamtaka kila mtu awe uwanjani amekwisha kufunga buti. Ni saa ambayo mvivu hujulikana. Ndiyo maana askari anayetoka bwenini akichechemea saa hiyo, kisha saa sita mchana akaonekana anatembea kama wenzake, hana wa kumtetea. Kikosi kizima kimekwisha kumhukumu kwamba ni mtegaji.

Mwandishi wa makala hii aliwahi kuwa mmoja wa mahakimu hao. Nilikuwa nimetoka shule ya makadeti karibuni, nyota moja begani, nikapewa platuni. Katika platuni hiyo alikuwamo kijana mmoja hodari wa mbio, ambaye katika matembezi marefu ya mzigo hakuna aliyemtangulia. Tulikwenda porini kwa mazoezi ya majuma mawili, tukanywa maji ya mto, na wengi wetu tukaendesha. Kijana huyo aliharisha damu kwa siku nne, akapona, tukarudi kambini.

Majuma matatu baadaye alianza kuchelewa kwenye paredi. "Siwezi kukanyaga chini, Afande," aliniambia. "Kisigino kinaniuma kama nimekanyaga msumari." Nilimtazama kisigino, sikuona jeraha. Mchana nilimwona akicheza mpira. Sajini wangu, mtu mzima mwenye uzoefu wa miaka mingi, akanong'ona: "Huyu anatujaribu, Afande." Nikampa adhabu ya lindo la usiku kwa siku nne mfululizo.

Asubuhi ya siku ya tano hakuweza kuvaa buti. Nyuma ya kisigino palikuwa pamevimba, goti la kushoto limejaa maji, na jicho moja lilikuwa jekundu. Nilimpeleka zahanati mwenyewe. Mganga wa kikosi alimtazama kwa kitambo, kisha akamwuliza swali ambalo nililiona la ajabu: "Mwezi uliopita uliharisha?"

Ndugu msomaji, swali hilo ndilo kiini cha makala hii.

KAMBA NA KIGINGI

Mwili wa binadamu umeshikamanishwa kwa kano. Zipo kano zinazofunga msuli kwenye mfupa, na zipo nyingine zinazofunga mfupa kwa mfupa ili kiungo kisiteguke. Mahali kano inapoingia katika mfupa, waganga hupaita enthesisi, na mwilini mahali pa namna hiyo ni pengi, zaidi ya mia moja. Askari ataelewa upesi akikumbuka hema. Upepo ukivuma, kamba haikatiki katikati; mvuto wote huishia penye kigingi. Vivyo hivyo, kila hatua ya mguu, kila mruko na kila mzigo mgongoni huishia pale kano ilipojichimbia mfupani.

Mahali hapo pakivimba na kuwaka kwa ndani, ugonjwa huo huitwa enthesaitisi. Hupenda zaidi kisigino, kwa sababu hapo pana vigingi viwili vikubwa: nyuma, inapoingia kano nene ishukayo kutoka kwenye shavu la mguu, na chini, unapoanzia utando mgumu wa wayo. Hupenda pia pembeni mwa pia ya goti, mifupa ya nyonga, mahali mbavu zinapokutana na kifua, na uti wa mgongo.

Maumivu ya mahali hapo yana asili mbili, na kutozitofautisha ndiko kunakowaponza makamanda. Asili ya kwanza ni kazi. Kuruta aliyeongezewa mbio ghafla, askari mwenye buti lililokwisha soli, na polisi anayesimama njia panda tangu asubuhi hadi jioni, wote huweza kuumwa visigino kwa kuchosha kano tu. Asili ya pili hutoka ndani ya mwili wenyewe: walinzi wa mwili, waliowekwa kupambana na vijidudu, hugeuka na kuishambulia nyumba yao.

MAGONJWA YALIYOZALIWA KAMBINI

Habari za asili hii ya pili ziliandikwa kwa sehemu kubwa juu ya miili ya wanajeshi. Mwaka 1916, vita vya kwanza vya dunia vikiendelea, daktari wa Kijerumani Hans Reiter alieleza habari za luteni mmoja kijana aliyeugua kuharisha damu, kisha akapatwa na maumivu ya mkojo, macho mekundu na viungo vilivyovimba. Mwaka huo huo madaktari wawili wa Kifaransa, Fiessinger na Leroy, walieleza hali kama hiyo kwa askari wa upande wao. Kwa miaka mingi ugonjwa huo uliitwa kwa jina la Reiter. Lakini mtu huyo baadaye aliutumikia utawala wa Hitler katika cheo kikubwa cha afya, akahusika na majaribio maovu juu ya wafungwa, hata waganga wakaona haistahili jina lake liheshimiwe. Leo wanasema athraitisi rejea, yaani ugonjwa wa viungo unaofuata ugonjwa mwingine.

Vita vya pili vya dunia vilitoa ushahidi mkubwa zaidi. Mwaka 1944 maradhi ya kuhara damu yalienea katika jeshi la Finland katika mapigano ya shingo ya nchi ya Karelia. Mwaka 1948 daktari Paronen alichapisha habari za wagonjwa 344 waliopatwa na ugonjwa wa viungo baada ya maradhi hayo. Walipofuatiliwa baada ya miaka mingi, wako waliokuwa bado wanaumwa, na wengine uti wa mgongo ulikuwa umekaza.

Mwaka 1962 jambo hilo lilitokea tena katika meli moja ya kivita ya Marekani. Kati ya mabaharia 1,276, chakula kilichoingiwa na vijidudu kiliwaharisha 602. Tisa kati yao walipatwa na ugonjwa huu. Adui alikuwa mmoja na chakula kilikuwa kimoja. Mbona wakaangukia tisa tu? Jibu lilianza kupatikana mwaka 1973, wataalamu wa London na wa Los Angeles walipogundua, kila upande kwa njia yake, uhusiano wa magonjwa ya jamii hii na alama ya urithi iitwayo HLA-B27. Mwenye alama hiyo ni mwepesi zaidi wa kupatwa na magonjwa ya jamii hii. Mabaharia watano wa meli ile walipotafutwa baadaye, wanne walikutwa nayo.

Hapa kwetu Afrika, kusini ya Sahara, alama hiyo ni adimu, na kwa muda mrefu ilidhaniwa kuwa ugonjwa huu hautuhusu sana. Dhana hiyo ilitikiswa na UKIMWI. Katika miaka ya 1980 na 1990 waganga, hasa wa Zambia, waliona wagonjwa wengi wenye visigino na magoti yaliyovimba kwa namna hii, bila ya alama ile ya urithi, na wengi wao walikuwa na virusi vya UKIMWI. Kwa hiyo mganga anayemwomba askari mwenye ugonjwa huu akubali kupimwa damu hamtuhumu wala hamdhalilishi. Anafanya upelelezi wa kitaalamu, na virusi vikigunduliwa mapema dawa zipo za kumwezesha mtu kuishi na kufanya kazi yake miaka mingi.

JINSI YA KUTOFAUTISHA

Dalili zenyewe zinaweza kujulikana hata na koplo, akiuliza vizuri. Maumivu yatokanayo na kazi huongezeka mtu anapofanya kazi, na hupungua akipumzika. Yaweza kuchoma katika hatua chache za kwanza za asubuhi, lakini baada ya dakika kadhaa hulegea, kisha jioni baada ya mbio hurudi. Maumivu ya asili ya pili huenda kinyume. Hukaza mtu anapolala au kukaa kitako. Huweza kumwamsha nusu ya pili ya usiku. Asubuhi ukakamavu wake hudumu zaidi ya nusu saa, pengine saa nzima au zaidi, na hulainika kadiri mtu anavyojongea.

Tazama basi dhuluma tunayoweza kuifanya bila kujua. Askari mwenye ugonjwa huu huonekana mgonjwa alfajiri, wakati wa kazi ngumu, na mzima mchana, wakati wa mpira. Lile tunalolifanya ushahidi wa uvivu wake ndilo dalili ya maradhi yake. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake.

Kamanda anayeona hali hiyo na aulize maswali matano. Je, katika majuma sita yaliyopita aliharisha? Je, alipata usaha au maumivu wakati wa kukojoa? Je, jicho limekuwa jekundu, linauma au linaogopa mwanga? Je, mgongo wa chini unamkaza asubuhi kwa zaidi ya miezi mitatu? Je, katika ukoo wake wako wenye mgongo uliopinda na kukaza, au ugonjwa wa ngozi wenye magamba uitwao soriasisi? Jibu la ndiyo kwa mojawapo si hukumu, lakini latosha kumpeleka kwa mganga siku hiyo hiyo. Jicho linalouma lisingoje hata kesho, maana laweza kupofuka. Hali kadhalika kiungo kimoja kilichovimba ghafla pamoja na homa kali: huenda kina usaha ndani, na huo huharibu kiungo kwa siku chache.

TIBA NA TAHADHARI

Maumivu ya kazi hutaka mzigo upunguzwe kwa muda, buti zuri, na mazoezi ya taratibu ya kunyoosha na kuimarisha shavu la mguu. Ugonjwa wa asili ya pili hutaka zaidi ya hayo. Mganga hutoa dawa za kutuliza uvimbe kama ibuprofeni au diklofenaki. Dawa hizo zinywewe baada ya chakula, na asizitumie ovyo mwenye vidonda vya tumbo au ugonjwa wa figo. Iwapo chanzo ni klamidia, atatibiwa yeye na mwenzi wake pia. Kumtibu mmoja ni kufunga mlango mmoja wa nyumba yenye milango miwili. Wengi hupona katika muda wa miezi 3 hadi 12. Wachache huendelea kuumwa, nao huhitaji dawa nzito zaidi chini ya uangalizi wa daktari bingwa.

Zipo tahadhari mbili ambazo askari hawazijui. Ya kwanza, asikubali kuchomwa sindano ya steroidi ndani ya kano ya nyuma ya kisigino, kwani kano hiyo yaweza kukatika. Ya pili, dawa ya siprofloksasini, ambayo wengi huinunua dukani wakiharisha, inajulikana kuwadhoofisha baadhi ya watu kano. Isinywewe bila ya amri ya mganga, na anayeitumia akisikia maumivu ya kisigino aache mbio na kumwarifu mara moja.

Aidha, mgonjwa huyu asifungiwe kitandani. Kulala mchana kutwa humkaza zaidi. Apewe kazi nyepesi ya kutembea, ajinyooshe kila asubuhi kwa utaratibu, aogelee kama pana nafasi. Mbio na mzigo vingoje mpaka mganga aseme.

Lakini tiba iliyo bora kuliko zote hufanyika kabla ya ugonjwa. Maji ya kunywa yachemshwe au yatiwe dawa, hata porini. Vyoo vichimbwe mbali na mto na mbali na jiko. Mpishi anayeharisha aondolewe jikoni siku ile ile, bila ya kungoja apatikane mwingine. Mikono ioshwe kwa sabuni. Na kila mmoja wetu ajikinge katika mambo ya unyumba, asilione haya jambo la kutumia mpira. Platuni ya watu thelathini inaweza kuzuia kwa pipa moja la maji yaliyochemshwa kile ambacho hospitali kubwa itahangaika nacho mwaka mzima.

Kijana yule wa platuni yangu alipata kazi ya ghala kwa miezi saba, kisha akarudi kwenye mbio. Hakuwa tena wa kwanza, lakini alimaliza. Siku aliyorudi uwanjani nilimwita pembeni nikamwomba radhi kwa zile siku nne za lindo. Alisimama mguu sawa, akasema, "Yamekwisha, Afande." Sajini wangu alikuwa karibu, akasikia. Tangu siku ile, kila askari aliyekuja kwake asubuhi akichechemea, sajini alianza kwa kumwuliza habari za tumbo lake.