Helikopta Yahamisha Ndovu wa Shimba Hills

Mkulima wa Shimba Hills ajua hasara ya ndovu: usiku mmoja, shamba la mahindi limekwisha. Katika mwaka wa 2005 Shirika la Wanyamapori la Kenya (KWS) lilihamisha ndovu 150 kutoka huko mpaka Tsavo Mashariki, na kazi ilianzia angani. Eropleni ya kawaida haiwezi kusimama hewani; helikopta huweza, kwa mapanga yake yazungukayo juu. Daktari wa wanyama hupiga sindano ya usingizi kwa bunduki, na rubani hulisukuma kundi mpaka mahali peupe, karibu na njia ya lori. Ndovu akilala kifudifudi aweza kufa kwa kukosa pumzi, basi rubani huwaonyesha walio chini alipo, wakimbilie na kamba wamlaze ubavu.