Elimu ya Nyota: Hesabu Yake na Hukumu Yake

Wapo vijana waliopendana, wazee wa pande mbili wakaridhiana, mahari ikatajwa, kisha posa ikavunjwa kwa neno moja tu: "Nyota zao haziendani." Wapo wenye maduka walioahirisha safari ya kwenda Bukoba kuchukua mali, kwa kuwa waliambiwa siku ile ni nuhusi. Na wapo kina mama waliotoa fedha za kahawa ya msimu mzima ili mtoto atazamiwe buruji lake. Mwenye kutazamia hufungua kitabu cha Kiarabu, nacho kitabu kina haiba yake. Nani atakayethubutu kubishana na kitabu?

Basi yatupasa sisi Waislamu wa Kaisho, na ndugu zetu wa pwani kadhalika, kuuliza swali ambalo huulizwa mara chache. Vitabu hivi vilitoka wapi? Ni nani waliovitunga, na ni nani waliovipinga?

Mji uliojengwa kwa saa ya nyota

Mwezi wa Julai mwaka 762, Khalifa al-Mansur aliamuru jiwe la msingi la mji wa Baghdad liwekwe kwa saa iliyochaguliwa na wanajimu. Kati yao alikuwamo Naubakht, Mwajemi, na Masha'allah wa Basra, aliyekuwa Myahudi. Picha ya mbingu ya saa ile ilihifadhiwa katika maandishi, na baadaye mwanachuoni mkubwa al-Biruni akaitia katika kitabu chake cha tarehe za mataifa.

Tangu hapo elimu ya nyota ilikuwa darasa moja la watu wa dini mbalimbali. Sahl bin Bishr, Myahudi wa karne ya 9, alitunga vitabu vyake kwa Kiarabu. Abu Ma'shar wa Balkh, aliyefariki mwaka 886, alitunga "al-Madkhal al-Kabir", yaani Utangulizi Mkubwa, kitabu kilichofasiriwa kwa Kilatini mara mbili katika karne ya 12 na kusomwa Ulaya nzima. Naye Ibrahim bin Ezra, Myahudi wa Andalus aliyezaliwa Tudela, aliichukua elimu hiyo ya Kiarabu akaiandika kwa Kiebrania alipokuwa akizunguka Italia, Ufaransa na Uingereza. Kitabu chake "Reshit Hokhmah", maana yake Mwanzo wa Hekima, alikimaliza mwaka 1148.

Yaliyosalia

Vitabu vina ajali zake kama wanadamu. Vingi vya Masha'allah vimepotea katika lugha yake ya Kiarabu, na vimebaki kwa Kilatini au Kiebrania tu. Kitabu chake juu ya kupatwa kwa jua na mwezi twakisoma leo kwa sababu Ibn Ezra alikifasiri. Hivyo mtungaji alikuwa Myahudi aliyeandika lugha ya Waarabu, na Waarabu walipokipoteza kitabu, Myahudi mwingine akakihifadhi.

Hazina nyingine ilipatikana Misri. Katika sinagogi la Ben Ezra, huko Fustat, palikuwa na ghala ambamo Mayahudi waliweka karatasi kuukuu, kwa kuwa hawakupenda kuitupa karatasi iliyoandikwa jina la Mungu. Mnamo mwaka 1896 na 1897 mwanachuoni Solomon Schechter alizichukua akazipeleka Cambridge, Uingereza, na zimehesabiwa kupata vipande 193,000 hivi. Humo zimo hati za ndoa, barua za biashara, hesabu za madeni, na pia picha za nyota za watoto waliozaliwa zamani zile, nyingine zikiwa za lugha ya Kiarabu kwa herufi za Kiebrania. Twajifunza hapo kwamba wazazi wa Misri ya kale walikuwa na hofu ile ile tuliyo nayo sisi: mtoto huyu ataishi? Ataruzukiwa?

Hofu hiyo hatuicheki. Lakini kuwa na hofu si dalili kwamba dawa yake ni ya kweli.

Elimu mbili katika jina moja

Wanavyuoni wa zamani walijua kwamba neno "nujumu" limebeba mambo mawili. La kwanza ni hesabu: mwendo wa jua, mwezi na nyota, miaka na majira, njia za baharini, kibla na nyakati za Sala. La pili ni hukumu: kusema kwamba nyota fulani italeta kifo, mali, ugomvi au ndoa njema.

La kwanza lina asili katika Qurani. Sura Yunus, aya ya 5, yatufunza kwamba mwezi umewekewa vituo ili watu wajue idadi ya miaka na hesabu. La pili Mtume wetu s.a.w. alilikata mzizi katika siku ya msiba wake mwenyewe. Mwaka wa 10 wa Hijra, yaani 632, mwanawe Ibrahim alifariki, na jua likapatwa. Watu wakasema kwamba jua limepatwa kwa ajili ya kifo kile. Mtume, na huku ana majonzi ya mwana, hakulikubali neno hilo. Aliwafundisha kwamba jua na mwezi ni alama mbili za Mwenyezi Mungu, wala havipatwi kwa kufa kwa mtu wala kwa kuzaliwa kwake, kisha akasali.

Wanavyuoni wakafuata njia hiyo. Ibn Sina, tabibu mashuhuri aliyefariki mwaka 1037, aliandika risala ya kuipinga hukumu ya nyota. Ibn al-Qayyim, aliyefariki mwaka 1350, aliijibu kwa urefu. Ibn Khaldun, katika "Muqaddima" yake ya mwaka 1377, alionya kwamba utabiri ukisadifu mara moja, watu wasiojua hudhani kila utabiri utasadifu, na humo huingia fitina katika dola. Na kwa upande wa Mayahudi, Musa bin Maimun, tabibu wa Misri aliyefariki mwaka 1204, aliwaandikia watu wa dini yake waliokuwa kusini ya Ufaransa kwamba elimu ya mwendo wa nyota ni elimu ya kweli, ama hukumu ya nyota ni upuuzi usio na hoja.

Hata Baghdad, mji wa saa njema, ulipata siku yake. Mwanahistoria Rashid al-Din asimulia kwamba Hulagu Mmongoli alipotaka kuushambulia, mnajimu mmoja, Husam al-Din, alimtishia kwamba yatatokea mabaya sita. Nasir al-Din al-Tusi, bingwa wa hesabu za mbingu, alipoulizwa alisema kwamba hakuna litakalotokea. Februari mwaka 1258 mji ulianguka na khalifa akauawa. Hayo mabaya sita hayakuonekana, wala ile saa njema ya mwaka 762 haikuukinga mji.

Kitabu cha mtabiri

Turudi sasa kwenye posa iliyovunjwa. Kitabu kitumiwacho sana kwa kazi hiyo hubeba jina la Abu Ma'shar al-Falaki. Njia yake ni kuhesabu kwa abjadi herufi za jina la mtu na za jina la mama yake, kujumlisha, kugawanya kwa 12, na kinachobaki ndicho buruji: 1 ni Hamali, 2 ni Thauri, 3 ni Jauza, 4 ni Saratani, 5 ni Asadi, hata Hutu.

Natujaribu. Ali ni 70 na 30 na 10, jumla 110. Mama yake ni Fatima: 80 na 1 na 9 na 40, kisha ile herufi ya mwisho. Wapo waihesabuo kama he, nayo ni 5. Basi Fatima ni 135, na jumla ya wote wawili ni 245. Tukigawa kwa 12 hubaki 5: Ali ni Asadi, ni simba. Wapo pia waihesabuo kama te, nayo ni 400. Basi Fatima ni 530, jumla 640, na hubaki 4: Ali yule yule sasa ni Saratani, ni kaa! Je, mchumba wake aolewe na simba au na kaa?

Tena, kwa hesabu hii kila Ali mwana wa Fatima, awe wa Kaisho, wa Lamu au wa Maskati, mzee wa miaka 80 au mtoto wa jana, nyota yake ni moja. Abu Ma'shar wa kweli hakufanya kazi hivyo. Yeye alitaka saa ya kuzaliwa, mahali, na vituo vya sayari kwa wakati ule. Al-Biruni naye, katika kitabu alichomwandikia bibi mmoja aitwaye Rayhana mwaka 1029, alianza na jometri, kisha hesabu, kisha umbo la ulimwengu, ndipo mwisho akaeleza hukumu za nyota. Na mwenyewe hakuzitegemea sana. Kwa hiyo mtabiri wa leo aushikaye ule mtindo wa majina hana hoja ya Sharia, wala hana hata hoja ya wanajimu wa kale.

Urithi ulio wetu

Nchi yetu ya Karagwe, ambayo wilaya ya Kyerwa iligawanywa kutoka kwake mwaka 2012, iliwajua wafanya biashara Waislamu tangu zamani za Mukama Rumanika. Stanley alipopita mwaka 1876 alimkuta Hamed bin Ibrahim akikaa Kafuro. Misafara ya pwani ilikuwa na desturi ya kumwendea mwalimu atazame siku njema ya kuondoka. Lakini misafara hiyo hiyo ilikuja pia na Sala, na Sala yataka kibla. Hapo ndipo hesabu ya nyota iwapo na faida.

Kutoka Kaisho, Makka iko kaskazini, ukipinda digrii 21 hivi kuelekea mashariki. Tena kuna njia isiyohitaji dira. Kila mwaka, tarehe 27 au 28 Mei, saa 6 na dakika 18 mchana kwa saa zetu, na tena tarehe 15 au 16 Julai, saa 6 na dakika 27, jua huwa juu ya Al-Kaaba sawasawa. Simamisha kijiti wima uani. Kivuli chake kitaelekea upande ulio kinyume na Makka. Kipe kivuli mgongo, ulielekee jua, nawe umeelekea kibla. Waiteni watoto, wa kike na wa kiume, waifanye kazi hiyo kwa mikono yao. Kadhalika tarehe 1 Septemba 2016, jua lilipopatwa likabaki pete Rujewa, huko Mbeya, wenye hesabu walikuwa wameitaja siku na dakika yake miaka mingi kabla. Hakuna mtabiri wa ndoa awezaye kutoa ahadi ya namna hiyo.

Basi, wazazi wenzetu, mchumba akija ulizeni dini yake, tabia yake na kazi yake. Msafiri akitaka kuondoka, na asali Istikhara, ashauriane na wenye akili, atengeneze gari lake. Na mtoto akiinua macho usiku akauliza majina ya nyota, msimtie hofu. Mwonyesheni Kilimia, mfundisheni kuhesabu. Mwenyezi Mungu atujaalie elimu yenye manufaa, na atulinde na kila neno lisemwalo juu ya ghaibu pasipo ujuzi. Amin.